Misumari Mitatu Ukutani

Kaeni, mnisaidie. Hadithi hii kila nikiisimulia naishia kukasirika, na hasira hainipi jibu.

Kule Tukuyu kwenye baridi palikuwa na kiwanda cha chai. Kila idara ilikuwa na ukuta wa misumari ya kutundikia makoti ya kazi. Aliyetangulia kuingia idarani alitundika koti lake msumari wa kwanza, aliyemfuata wa pili, hivyo hivyo mpaka mwisho. Ukihamishiwa idara nyingine, ulibeba koti lako ukaanza upya msumari wa mwisho, hata kama umezeekea kiwandani. Na siku ya kupunguza watu, walianza kuhesabu kutoka msumari huo wa mwisho.

Idara ya kufungasha ilikuwa na watu watatu.

Lugano, wa msumari wa kwanza, alijaliwa sikio. Mashine ikiumwa, yeye alisikia kabla ya fundi. Alikuwa na miaka tisa kiwandani, yote hapo hapo, na wenzake wawili ndiye aliyewafundisha kufungasha.

Mzee Mwaisaka, wa pili, alijaliwa pua. Alikuwa na miaka kumi na sita kiwandani, na kumi na miwili kati ya hiyo alichochea tanuri la vikaushio, mpaka cheche ikamtoa jicho. Ndipo wakamhamishia kufungasha.

Mama Atuganile, wa mwisho, alijaliwa mkono. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu kiwandani, karibu yote kwenye kunyausha majani, mpaka mwaka jana idara yake ikafungwa. Meneja wa zamani alimwambia, "Nenda tu mama, unahama na miaka yako." Hakumwandikia popote.

Asubuhi moja palikuwa na mzigo wa mifuko mia sita ukingoja lori. Mnunuzi alikwisha kurudisha mzigo mmoja kwa sababu chai iliota ukungu. Akirudisha wa pili, kiwanda kinafungwa.

Mama Atuganile akatia mkono kwenye mfuko uliokuwa wazi. Akafinya, akafinya tena.

"Lugano mwanangu, simamisha. Chai hii haijakauka."

Lugano akaenda kwenye vikaushio, vitano kwa safu. Akasikiliza kimoja kimoja, akarudi kwenye cha tatu.

"Ni hiki. Feni yake inachechemea." Kikafunguliwa, wakakuta panga moja la feni limekatika.

Sasa mifuko ipi ilitoka kikaushio cha tatu? Yote ilikwisha kuchanganywa. Mzee Mwaisaka akainama, akaanza kunusa mmoja mmoja. Alipofika wa mia sita jua lilikuwa utosini na mgongo hauinuki. Alitenga mifuko arobaini na mmoja. Ikafunguliwa, yote mibichi.

Bila mkono, hakuna ambaye angejua. Bila sikio, feni ingeendelea kuharibu chai. Bila pua, mifuko mibovu ingepanda lori pamoja na mizima. Mzigo ulipokelewa, kiwanda kikapona.

Na shukrani ya punda mnaijua. Haukupita mwezi, meneja mpya akaleta mashine ya kufungasha, inayotaka mtu mmoja tu. Wawili wakawe vibarua shambani, leo upo kesho hupo.

"Kwa sheria ya misumari anabaki wa kwanza," alisema. "Lakini mlitusaidia, kwa hiyo nawapa heshima. Amueni wenyewe. Saa kumi nataka koti moja ukutani."

Eti heshima! Watu wanapewa kisu wachinjane, inaitwa heshima!

Mama Atuganile alipaza sauti. "Miaka ishirini na mitatu! Sikuomba kuhama mimi. Idara waliifunga wao. Miaka yangu wameitupa wapi?"

"Mama, sikukatalii," Lugano alisema. "Lakini sheria hii niliikuta, nikaifuata. Nilianza msumari wa mwisho kama kila mtu, nikangoja. Leo nimefika wa kwanza, ndipo ibadilishwe?"

Mzee Mwaisaka akafuta jicho lake moja. "Dada, wewe ulihama na macho mawili. Mimi langu limebaki tanurini. Nami nilidai miaka yangu, nikaenda kwa mwakilishi wa wafanyakazi. Unakumbuka alinijibu nini?"

Mama Atuganile akainamisha kichwa, maana mwakilishi wakati ule alikuwa yeye.

"Nilikwambia msumari ni msumari," alisema. "Nilikosea, kaka."

"Nilipoumia mimi hukuona kosa. Umeliona ulipoumia wewe."

Hakuna aliyenyanyua mkono kutoa koti, lake au la mwenzake.

Saa kumi meneja akaja na koleo la kung'olea misumari. Akayakuta makoti matatu ukutani, na wenyewe watatu wamesimama mbele ya ukuta huo. Akawatazama, akaona aibu kuing'oa mwenyewe ile misumari. Akaliweka koleo juu ya mfuko wa chai. "Yeyote," alisema, akaenda zake.

Basi koleo liko pale mpaka leo, nami nimechoka kulitazama. Msinijibu kwa huruma, wote watatu wanastahili huruma. Wewe uliyekaa karibu, lishike. Misumari miwili ing'oke, mmoja ubaki, na wenyewe wanakutazama usoni. Unaacha wa nani? Au unamfuata meneja na koleo lake, na ukimfikia, unamwambia nini?