Viatu vya Bwana Mthamini

Serikali ilipotwaa shamba la Bi Somoe ili ipitishe barabara, mthamini, Bwana Mkwera, aliandika kwamba lilikuwa na mikorosho mitatu tu. Bi Somoe alikuwa nayo mia mbili, akaenda mahakamani.

"Nilifika mwenyewe, nikahesabu mti kwa mti," aliapa Bwana Mkwera.

"Nisamehe, mwanangu," akasema Bi Somoe. "Siku ile daraja letu lilikuwa limevunjika, ukavuka mto ukalowa mpaka kiunoni."

"Yamekwisha, mama. Kazi ni kazi. Hata viatu vilichukuliwa na maji."

Bi Somoe akamgeukia hakimu.

"Mheshimiwa, kwetu hakuna hata kijito, maji tunanunua kwa madumu. Naomba mikorosho yangu ihesabiwe na mtu atakayefika."