Mlinzi wa Chakula Pangoni

Mwaka ule mvua ilipogoma, wanyama wa mbugani walikusanya nyama kavu na njugu zao zote, wakaziweka pangoni ziwavushe kiangazi. Fisi akaomba kazi ya ulinzi huku akimeza mate.

Kazi ilimnogea. Mchana kutwa alikaa gizani akitafuna nyama za watu. Wakaguzi hakuwaogopa, kwani alikuwa amegundua jambo moja: anayetoka kwenye jua kali, akiingia pangoni huwa kama kipofu.

Wa kwanza kuja alikuwa Simba. Akasimama ndani akipepesa macho, asione hata pua yake.

"Karibu, Mfalme," Fisi akasema, kinywa kimejaa. "Nyama hizo hapo kulia, zimegusa paa. Au Mfalme haoni?"

Simba akiri mbele ya Fisi? Thubutu! "Nani haoni? Naziona zote!" akanguruma, akageuka kwa maringo, akajigonga ukutani.

Sungura naye aliingia mbio, akatoka mbio. "Tele!" akawaambia wenzake, maana mjanja hakubali kuwa kuna kitu kimempita.

Fisi alicheka mpaka akapaliwa na mfupa.

Ndipo akaja Kobe. Hatua, pumziko. Hatua, pumziko. Fisi akamtazama akipapasa ukuta, akasema moyoni, "Huyu ni gogo tu." Akalivuta paja la mwisho. "Mzee Kobe, chakula hicho hapo. Umekiona?"

"Bado, mwanangu. Ngoja nipumue kidogo."

Kobe akakaa, akapumua weee. Fisi akaendelea kuguguna, utamu ukamsahaulisha kwamba macho ya mgeni nayo huzoea giza.

"Fisi," Kobe akasema mwishowe, "hilo paja la nani?"

Fisi akaacha kutafuna. "Kwani unaniona?"

"Nakuona wewe, na mifupa uliyoikalia. Nyama ndiyo siioni." Kisha akapaza sauti, "Jamani! Tumeliwa!"

Fisi akachomoka na paja lake. Lakini nje jua la utosini likamchoma macho yaliyozoea giza. Akaona weupe mtupu, akakimbia ovyo, akajibamiza puu!

"Nipishe, we mti!" akafoka.

Mti ukanguruma.

Alichapwa, akafukuzwa mbugani akichechemea. Njugu, ambazo hakuwahi kuzipenda, ndizo zilizowavusha wenzake mpaka mvua iliponyesha.

Njia ya mwongo ni fupi.