Kokwa Zilizovuka Ukuta

Wamesimulia waliotutangulia katika wema, na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi, kwamba amiri wa mji mmoja wa nchi kame aliazimia kuchimba hodhi la maji kwa manufaa ya watu wote. Mahali palipofaa palikuwa na viwanja viwili vilivyotenganishwa na ukuta wa udongo. Kimoja kilikuwa cha mjane mcha Mungu aitwaye Rumeisa, na cha pili cha jirani yake, Huraithi bin Saadi. Hawakuulizwa kama wanataka, ardhi ilitwaliwa. Hata hivyo amiri alimcha Mola wake, akaamuru walipwe fidia: mwenye miti aliyoipanda apewe shamba kando ya kijito, na mwenye ardhi tupu apewe ardhi tupu. Mti uliojiotea haukuhesabiwa, kwa kuwa haukumtoa mtu jasho.

Rumeisa alikuwa na mitende iliyokwisha kuzaa, basi akapewa shamba la kijitoni. Huraithi akapewa uwanja wa mawe nyuma ya mlima.

Ah, husuda! Huraithi alikuwa nayo tangu zamani, maana kisima cha mjane kilitoa maji matamu na chake kilitoa maji ya chumvi. Sasa ikazidi kumpanda. Hata katika sala aliona kijito kikipita mbele ya macho yake. Asubuhi akaenda kwa kadhi kuipinga fidia ile.

"Ewe Kadhi," alisema, "mwanamke huyu hakupanda mtende hata mmoja. Naapa kwa Mola wangu."

Na katika hilo hakusema uongo.

Mjane akaitwa. Hapakuwa na shahidi mwingine. Neno lake moja lingetosha kulibakisha shamba mikononi mwake.

"Ewe Rumeisa, uliipanda mitende ile?"

"Hapana, ewe Kadhi. Sikuipanda."

Huraithi nusura acheke mbele ya watu.

"Basi ilijiotea?"

"Wala haikujiotea. Aliipanda jirani yangu huyu, Mwenyezi Mungu amlipe kheri. Nilipofiwa na mume wangu, kila alipokula tende alinirushia kokwa upande wangu wa ukuta. Nikajua anaona haya kuingia kwa mjane, ndiyo maana ananipandia kwa mbali. Kazi yangu mimi ilikuwa kumwagilia maji na kumwombea dua. Kama shamba ni la aliyepanda, apewe yeye."

Kadhi akamgeukia Huraithi. "Apa kwamba ulizirusha kokwa zile kwa nia ya kupanda. Ukiapa, shamba ni lako."

Hapo ndipo mtihani ulipomkuta. Maji matamu aliyoyatamani umri wake wote yalikuwa yanamngoja, na aliyekuwa akimpa ni mjane yule yule ambaye yeye alimwonea kijicho. Akafungua kinywa, kiapo kikakataa kutoka.

"Sikupanda," akasema mwishowe. "Nilikuwa namtupia uchafu. Nilitaka akerwe, anung'unike, angalau siku moja nisikie na yeye ana dhiki. Kokwa zikaota, nami nikazidi kuungua. Kila tende iliyoiva kule niliiona kama imeibwa kwangu."

Watu wakainamisha vichwa. Kadhi akasema, "Asiyenuia kupanda hakupanda. Na aliyeumwagilia mti mpaka ukazaa, huyo ndiye uliyemtoa jasho. Shamba ni la Rumeisa."

Huraithi akamsogelea mjane, hathubutu kumtazama usoni. "Nisamehe, bibi. Miaka yote ile ulikuwa unamwombea mtu ambaye hakuwapo."

Maneno yale yalimchoma Rumeisa kweli. Kisha akasema:

"Nilikuwa naomba kwa jina, Huraithi bin Saadi. Na upande ule wa ukuta hakuna mwingine mwenye jina hilo."

Inasemekana mtu yule alilia pale pale mahakamani, kisha akaenda kwenye uwanja wake wa mawe bila kinyongo.

Ndugu zangu katika imani, huenda hivi sasa yuko mtu anayetuombea dua kwa wema ambao hatukuwahi kuunuia. Tusimwache aombe bure.