Gari Lililoacha Kusukumwa

Ndugu zangu, kabla sijafungua kinywa kwa jambo lingine, nina kosa la kutua mbele yenu. Jumatano, pale makaburini tulipomzika Mama Mgaya, nilisema uongo. Niliusema kwa sauti ya ibada, mkono kifuani, na ninyi mkaitikia amina, kwa hiyo nimewatia na ninyi ndani yake. Ni uongo gani? Nitausema, sikimbii. Ila nikiusema sasa mtaushika huo na mfano utawapita. Nivumilieni. Shule yangu mnaijua ilipoishia, siwezi kuwafundisha mambo marefu. Nina mfano wa gari tu.

Palikuwa na bwana mmoja, mkazi wa mlimani kwenye baridi kama hii yetu, mwenye pikapu kuukuu ya kubebea viazi. Mlango mmoja ulikuwa wa rangi nyingine na kioo cha pembeni kimefungwa kwa mpira wa baiskeli, lakini injini ilikuwa nzima. Ugonjwa wa gari ulikuwa stata. Kwa wale wasiojua magari, stata ni kile chuma kizito kilichojificha ubavuni mwa injini, huku chini. Ukizungusha funguo, chenyewe ndicho kinachoizungusha injini mpaka iamke. Ikishaamka, kazi yake imekwisha. Sasa ya huyu bwana ilikuwa imechoka. Anazungusha funguo, anasikia "tk", halafu kimya.

Afanyeje? Alisukumwa. Kila asubuhi, ukungu bado umelalia mabati, anaingia garini, anatia gia ya pili, anakanyaga klachi, anapiga honi mara mbili. Pii, pii. Milango inafunguka. Anatoka mama muuza chapati, unga mpaka kwenye viwiko. Anatoka kijana wa bodaboda, koti kaligeuza ndani nje kwa usingizi. Na anatoka mzee mmoja mshona viatu, aliyefiwa na mkewe, watoto wake wako mbali. Huyu mzee chumba chake kilipakana na pale gari lilipolala. Ukuta wake na ubavu wa gari vilitazamana kwa karibu, mtu mnene asingepita katikati.

"Mzee, umelalaje?" bwana anauliza dirishani.

"Nimelala upande mmoja, kama kiatu kilichopoteza mwenzake. Na hili ndama lako, leo lina hamu ya kutembea?"

"Sukumeni, acheni maneno!"

"Anatuamuru!" anasema mama wa chapati. "Kakaa juu kama bibi harusi, sisi tuko matopeni, halafu anatuamuru!"

Wanacheka, wanainama, wanasukuma. Kila mmoja alikuwa na pembe yake. Ya mzee ilikuwa ya kushoto nyuma, kiganja juu ya taa. Gari likikohoa na kuwaka, yule bwana ananyoosha mkono nje, anaondoka bila kugeuka, maana akisimama linazima.

Na sikilizeni hili, mlishike. Yule bwana alikuwa akiujua uzito wa gari lake. Siku moja liligoma kusogea, akauliza, "Mbona zito leo? Nani hayupo?" Wakatazamana. Mama wa chapati hayupo. Wakaenda mlangoni kwake, wakamkuta anatetemeka kwa homa, hana hata nguvu za kuita. Gari hilohilo, walipokwisha kulisukuma wawili kwa shida, ndilo lililomfikisha hospitali. Nani aliyemwokoa yule mama? Lilikuwa gari bovu.

Lakini aibu ni kitu kibaya, wapendwa. Bwana huyu sokoni hakuthubutu kuzima injini, na wenzake walimwita Bwana Sukuma. Kisha akakodiwa kubeba zawadi za harusi. Gari likamzimikia getini, wajomba wa bibi harusi wakalisukuma na suti zao, mmoja akarukiwa na tope mpaka kwenye tai. Akasikia mtu anasema nyuma, "Huyu hana gari. Huyu ana mkokoteni wenye usukani." Watu wakacheka sana. Hakulala vizuri. Kulipokucha alikwenda kumwita fundi.

Fundi akaja, akatandika gunia, akaingia chini ya gari. Kwanza alichomoa waya wa betri. "Wenye haraka hawafanyi hivi," alisema, "halafu spana inagusa chuma, cheche zinawarukia usoni." Akafungua nyaya za stata, akafuata bolti. Ya chini ilitoka vizuri. Ya juu ilikuwa imeshikwa na kutu, imejificha nyuma ya bomba, jicho haliioni. Akawa anaipapasa kwa vidole, uso kaugeuzia pembeni kama mtu anayesikiliza. Akaimwagia mafuta, akangoja, akaijaribu tena. Mwishowe ikalia, ikalegea, na stata ikamshukia kifuani.

"Shika, shika! Unataka nifie hapa?"

Bwana akaipokea. Fundi alipoifungua, kaboni zake, vile vipande vya ndani vinavyopitisha umeme, zilikuwa zimelika, zimebaki kama ukucha.

"Hii imekufa siku nyingi, baba. Imesimama tu kwa heshima yako. Tuweke nyingine."

Wakati fundi anaifunga ile nyingine, yule mzee alikuja kutazama, kiatu cha mtu mkononi, sindano bado imening'inia kwenye uzi.

"Kwa hiyo sisi tumefukuzwa kazi?"

"Mzee wangu, pumzika sasa. Umenisukumia vya kutosha. Lala mpaka jua litoke."

Mzee akacheka, lakini hakucheka kwa muda mrefu. "Nikilala mpaka jua litoke, nani atakayeniuliza nimelalaje?"

Bwana alicheka pia. Alidhani ni mzaha wa mzee, kama ule wa kiatu. Ninyi mnaonaje? Ulikuwa mzaha?

Fundi akarudisha waya wa betri, akasema, "Washa." Bwana akazungusha funguo, na gari likanguruma papo hapo. Akazima, akawasha tena. Akazima, akawasha tena, kama mtoto aliyepewa filimbi. Akamshukuru Mungu kwa sauti, na alimshukuru kweli, simcheki.

Kuanzia hapo honi haikulia tena. Bwana alitoka na giza giza, anazungusha funguo, anaondoka, ukungu unajifunga nyuma yake. Moyoni alijiona amewatendea wema majirani. Wamelala, hawakanyagi tope, hawana wa kumlaani. Mwanzoni aliwapungia mkono akirudi jioni. Baadaye jioni alikuwa amechoka. Mlango wa mzee alikuwa akiupita asubuhi umefungwa na jioni umefungwa, na hakuwa na neno naye lolote baya. Hapakuwa na ugomvi. Palikuwa hakuna kitu tu.

Sasa ikafika asubuhi moja ya baridi kali. Bwana akaingia garini, akawasha, likawaka. Akiwa anangoja injini ipate joto, akasikia kitu. Ngo. Kikanyamaza. Ngo, ngo. Kilitoka upande wa kushoto, chini chini, kimezibwa na mngurumo. Akasema peke yake, "Ile bolti ya juu! Fundi hakuikaza. Stata itaning'inia njiani, inidondokee." Ngo. Akatia gia, akaanza kuteremka, na mlio ukakoma. Akajiambia, "Eeh, ikipata mwendo inatulia. Lakini leo lazima ikazwe."

Hakwenda sokoni kwanza. Alikwenda moja kwa moja kwa fundi, na njia ya kwa fundi inapita mbele ya geti la hospitali. Alipita pale, nyuma ana viazi, kiti cha pembeni kitupu.

Fundi akaingia chini, akaipapasa ile bolti kwa vidole, uso pembeni. Akatoka anajifuta.

"Bolti imekaza. Stata yako nzima."

"Nimesikia kwa masikio yangu, fundi. Inagonga."

"Washa tena." Likawashwa. Wakasikiliza wote wawili. "Unasikia kitu?"

"Sasa hivi hapana."

"Basi gari lako halina kinachogonga. Labda kinachogonga umekiacha nyumbani."

Bwana akacheka, akaenda sokoni.

Alirudi jioni akakuta watu mlangoni kwa mzee. Wakampisha akaingia. Mzee alikuwa sakafuni kando ya kitanda, mguu mmoja umekunjika vibaya chini yake, shuka limevutwa mpaka kwake kama aliyejaribu kujifunika. Mkononi alikuwa na nyundo yake ya viatu. Na ukuta, ule unaotazamana na gari, ulikuwa umebanduka plasta chini kabisa, pale panapofikiwa na mkono wa mtu aliyelala. Vumbi la plasta lilikuwa kwenye nywele zake.

Mama wa chapati alikuwa amekaa kizingitini, unga umemkaukia mikononi.

"Mimi nilimsikia," alisema, hamtazami mtu. "Niliisikia nyundo. Nikasema leo mzee kaamka mapema, ana viatu vya watu. Nikaendelea kukanda." Kisha akamtazama bwana. "Na wewe si ulikuwa hapo hapo nje?"

Bwana angejibu nini? Kwamba alisikia, na kwamba alilipeleka gari kwa fundi?

Walimzika mzee. Asubuhi iliyofuata bwana alikwenda tena kwa fundi, macho mekundu, akarusha funguo juu ya meza.

"Itoe."

"Nitoe nini?"

"Stata. Itoe, unirudishie ile mbovu. Kama ile ingekuwepo, ningepiga honi, asingetokea, pembe yake ingekuwa tupu, ningejua. Hii stata imemuua mzee wa watu."

Fundi alimtazama, akazirudisha zile funguo mkononi mwake.

"Pole, baba. Pole sana. Lakini nikuulize. Siku nilipokufungia stata, niligusa honi?"

"Hapana."

"Honi yako ni mbovu?"

Bwana akasimama pale. Akasema polepole, "Honi ni nzima."

Fundi akarudi chini ya gari alilokuwa akilitengeneza.

Wapendwa, mfano umeishia hapo. Nawaona wengine mlikuwa mnangoja niwaambie mioyo yetu ina stata mbovu, tumlete Yesu fundi atufungie mpya. Nami nilitaka kuhubiri hivyo. Niliandaa hivyo kabisa. Halafu tukamzika Mama Mgaya, na nikasema uongo.

Nilisema, "Huyu alikuwa jirani yangu wa karibu, tuliishi kama ndugu." Mkaitikia amina. Ukweli ni huu. Nilikuwa jirani yake wa karibu nilipokuwa sina maji. Nyumba yangu yote ilichota kisimani kwake, na kila ndoo ilikuwa na maneno yake: mmeamkaje, mtoto amepona, hebu niangalizie hili paa. Nikavuta bomba. Nilimshukuru Mungu kwa bomba, na tangu maji yafike uani kwangu sikupiga hodi kwake. Mnajua alivyokutwa, peke yake ndani. Sirudii, mnajua. Wala siwezi kulaumu bomba. Nani alinikataza kwenda?

Na sisi je, tumejifungia stata ngapi? Zamani moto ukizimika mtu alibeba kijinga, kipande cha kuni, akaenda kuomba moto kwa jirani. Leo kila mmoja ana kiberiti chake, jiko lake, kisu chake, pampu yake. Ni baraka, sizikatai. Tunaona fahari kusema simsumbui mtu. Lakini mtu asiyesumbuliwa na yeyote, akianguka, nani atakayeona gari limekuwa zito? Tumeacha kuombana, tukaita heshima. Na wako wanaogonga ukuta asubuhi hii, sisi tunadhani ni bolti, tunadhani ni kazi zao. Wengine wamo humu ndani, wamevaa vizuri, wameimba na sisi.

Sina nguvu ya kusema zaidi. Sitawaomba sadaka ya mchele kwa wazee, hiyo tunajua kuitoa na kuondoka haraka. Nawaomba kitu kidogo, na mimi nitakifanya kabla yenu. Mkitoka hapa, kabla hamjala, kila mmoja apige hodi kwenye mlango ambao hajaingia siku nyingi, amwombe mwenye mlango kitu. Omba chumvi. Omba sindano. Omba akushikie ngazi. Hata kama unacho nyumbani, omba.

Na mkifunguliwa, kabla hamjataja chumvi, muulizeni amelalaje, mkae mpaka ajibu.