Bwawa la Angani

Mwaka ule jua lilikausha mto mpaka kokoto zikaonekana. Kila mnyama alibaki na akiba ya maji kwenye vibuyu vyake, akailinda kuliko mkia wake.

Sungura, ambaye hafanyi kazi maadamu yupo wa kumdanganya, alipanda juu ya kichuguu. "Ndugu zangu, nimefungua bwawa angani! Leteni kibuyu kimoja leo, kesho kimezaa viwili. Ila wahini, nafasi ni chache."

"Mbona hatulioni?" akauliza Kanga.

"Mambo ya kisasa hayo, mama. Hayaonekani kwa macho ya kizamani."

Simba alisita, lakini Sungura akampa cheo cha Balozi Mkuu wa Bwawa. Basi, kwisha habari yake! Akashinda akinguruma kulisifu. Fisi akaleta vibuyu vyake, vya mkewe, na vya wakwe zake ambao hata hakuwauliza. Kanga, kwa kuogopa kubaki nyuma peke yake, akatoa kibuyu cha mwisho cha vifaranga wake.

Kila asubuhi Sungura alitangaza: "Fisi, una mia! Kanga, una kumi!" Fisi akacheza ngoma, midomo imemkauka.

Lakini vifaranga hawakunywa matangazo. Mdogo wao alipoanza kulegea, Kanga alimwendea Sungura. "Nipe kibuyu changu kimoja tu."

"Hakuna shida, mama. Ila bwawa lina kufuli. Lete kwanza kibuyu kimoja cha kufungulia."

Kanga akafikiri. "Si nina kumi humo? Basi kata humo humo. Chukua chako kimoja, nipe tisa."

Sungura akatikisa kichwa. "Haikatwi humo."

"Kwa nini, kama maji yapo?"

Wanyama wakatazamana. "Kata humo humo!" akapayuka Fisi. Sungura akachomoka mbio, tumbo likimlia chubwi, chubwi, chubwi. Kwa mzigo ule hakufika mbali. Pangoni mwake wakakuta vibuyu vilivyosalia, na Kanga akawahi kuwanywesha wanawe.

"Mimi nilimshuku tangu mwanzo," alisema Balozi Mkuu, akiangalia pembeni.

Sungura akahukumiwa kuchimba kisima peke yake. Jua lilipomchoma, akanyoosha mkono. "Mama Kanga, tone moja tu, nakufa kwa kiu!"

"Usife, baba. Nina vibuyu kumi kule angani. Nakupa vyote, kanywe."