Kaburi la Bibi Shakwe

Paukwa!

Pakawa!

Mbona mnajibu kama mmeshiba? Paukwa!

Pakawa!

Hapo zamani za kale, bahari ilitema moto. Moto ukapoa, ukawa kisiwa cheusi, kitupu, kisicho na hata jani. Shakwe na mkewe wakakiona kutoka angani.

"Hapa hakuna nyoka," alisema mke. "Nitataga hapa."

Lakini alitua amechoka, na hakuinuka tena.

Shakwe alimfukia kwenye majivu. Kila asubuhi alilifagia kaburi kwa bawa, maana kwao kaburi la mpendwa haliachiwi magugu.

Mvua ikanyesha. Kaburini kikachomoza kitu kidogo cha kijani. Shakwe akashangaa. Kisiwa kizima hakina jani, mbona hapa? Akaking'oa.

"Kaburi la mke wangu halioti magugu!"

Kikachomoza cha pili. Akatazama kulia, akatazama kushoto. Nani anamchezea? Akaking'oa.

"Kaburi la mke wangu halioti magugu!"

Kikachomoza cha tatu. Akafungua mdomo.

"We bwana, una wazimu?"

Sauti ilitoka kwenye ufa wa jiwe. Alikuwa Buibui, aliyeletwa na upepo juu ya uzi wake.

"Nani wewe, unayeingilia matanga ya watu?"

"Mgeni kama wewe. Hebu niambie, marehemu alikula nini mara ya mwisho?"

Shakwe akafikiri. "Matunda ya mwituni, kule bara. Nilimwambia, twende, tumechelewa. Akasema, ngoja nimalize."

"Basi mbegu alikuja nazo tumboni. Na jiwe hili halina udongo, bwana. Udongo ni yeye mwenyewe. Umeshang'oa miche miwili."

Shakwe akakaa chini.

"Kwa hiyo hili ni gugu, au ni yeye?"

"Sijui. Mimi nala nzi tu."

"Sasa nifagie, au nisifagie?"

"Hata hilo sijui. Ila jua ni kali."

Shakwe hakuelewa. Hata hivyo akatandaza bawa lile lile la kufagilia, akautia mche kivuli.

Msimu ukageuka. Kundi la shakwe likapita juu, likamwita, "Twende, tumechelewa!"

Shakwe akautazama mche. Ulikuwa umetoa jani jipya.

"Ngoja nimalize," alisema.

"Umalize nini?"

Hakujua.

Hadithi yangu imeishia hapo. Mche ulikuwa bado unakua.