Nyika Iliyokunjwa

Ukishaisoma hii hadi mwisho, mtumie mtu mmoja unayemjua ana haraka.

Palikuwa na nchi ambayo ardhi yake iliitii karatasi. Mchora ramani wa mtemi akiikunja ramani, mji huu ukagusana na mji ule, basi ardhi nayo hujikunja. Msafiri huinua mguu hapa, akaushusha kule. Ila kilichobaki ndani ya mkunjo hupotea, na hakirudi hata karatasi ikinyooshwa.

Kwa hiyo iliwekwa sheria. Kabla ya kukunja, mchoraji aende kwanza kwa miguu yake katika nchi yote ya katikati, akipiga hodi. Vichakani, mabondeni, nyuma ya kila kichuguu. Akisikia hata sauti moja ikimkaribisha, asiikunje ramani yake, arudi nyumbani, na njia ibaki ndefu kama ilivyokuwa.

Mchora ramani wa wakati huo aliitwa Lubasha, mtu mpole, aliyekuwa akiwaruka siafu ili asiwakanyage. Mchana mmoja wa kiangazi mkewe, Nyanzobe, alishikwa na uchungu, na mtoto alikuwa amekaa vibaya tumboni.

Wanawake wa jirani walijaribu kila walilolijua. Lubasha alisimama mlangoni, haingii, hatoki.

"Shemeji, ukiziba mlango hivyo mtoto atapita wapi?" mmoja wao akamwambia, na wenzake wakacheka kidogo, kicheko cha kupeana moyo.

Kisha kicheko kikakoma. Yule yule akamfuata uani, safari hii bila mzaha, akamweleza kwamba wao wamefika mwisho wa ujuzi wao. Mkunga anayeweza kumgeuza mtoto huyu ni mmoja tu, Mama Kalunde, naye amesikika yuko Bulogwa. Bulogwa ni mwendo wa siku nyingi. Nyanzobe hataiona kesho.

Lubasha aliingia ndani, akaitandaza ramani. Hapa, mji wao. Kule, Bulogwa. Katikati, nyika, rangi ya udongo na vichaka vichache alivyovichora babu yake. Hapakuwa na jina hata moja.

Sheria aliijua. Aliisikia pia sauti ya mkewe kutoka chumba cha pili, na jinsi ilivyokuwa ikififia. Nani ataishi kule, akajiambia. Angekuwepo mtu, si angechorwa?

Akakunja.

Aliinua mguu uani kwake, akaushusha Bulogwa. Kabla jasho halijamkauka alikuwa amerudi na Mama Kalunde. Mkunga hakuuliza njia imefupikaje. Mkunga akiitwa, huenda.

Jua lilipoanza kuinama, mtoto wa kike alilia. Nyanzobe akafumbua macho, akaomba uji. Lubasha alipiga magoti sakafuni, asijue amshukuru nani kwanza.

Mama Kalunde alinawa mikono, akakataa kulala. Alieleza kwamba Bulogwa alikwenda tu kumzalisha binti wa watu. Kwao ni Isanzumo, kijiji kidogo, hapo katikati. Mumewe anamngoja, na mwanawe wa mwisho hali mpaka alishwe na yeye.

"Baba, nionyeshe njia ya kwetu inapochepukia," akasema. "Nimetoka nje nikatafuta. Naona hapa ni kwako, na pale ni Bulogwa. Kwetu sipaoni."

Lubasha alikwenda akaileta ramani, akaikunjua mbele yake, akailainisha kwa viganja, tena na tena. Huko nje ardhi ikanyooka. Ilikuja nyeupe, tambarare, haina kichaka, haina ndege.

Mama Kalunde aliitazama ile nchi nyeupe.

"Hukupiga hodi," akasema.

"Mke wangu alikuwa anakufa, mama."

"Ungeniletea habari. Ningekuja kwa miguu, usiku na mchana."

"Usingefika."

"Pengine nisingefika," akasema. "Lakini ungeniuliza."

Lubasha akajipeleka mwenyewe kwa mtemi. Hakujitetea. Alisema alilolitenda, akaomba ahukumiwe kama wanavyohukumiwa wauaji.

Mtemi akataka aonyeshwe hicho kijiji. Ramani ikatandazwa, na Mama Kalunde akaweka kidole katikati. Wazee wa baraza wakainama kutazama. Kidole chake kilikuwa juu ya rangi ya udongo. Akaanza kutaja majina ya watu wa Isanzumo, nyumba kwa nyumba, na karani aliyatafuta katika kumbukumbu za nchi, asilipate hata moja.

"Pole, mama," mtemi akasema, na alisema kwa huruma ya kweli. "Ila siwezi kumhukumu mtu kwa kuwaua watu ambao nchi haikuwahi kuwa nao."

Kisha akamgeukia Lubasha. Wafanyabiashara wa chumvi walikuwa wameshaisifu njia mpya, na walikuwa wakiuliza mbona imefungwa. Ramani ikunjwe tena, akaamuru, maana sasa kule hakuna wa kudhurika.

Lubasha aliomba kufungwa gerezani. Aliomba kufukuzwa nchini. Hakupewa hata kimoja. Akapewa karatasi, na watu wote wakimtazama, akaikunja.

Njia hiyo inapendwa sana. Wasafiri huivuka wakicheka, na wengine humwombea dua mtengenezaji wake. Kila alfajiri, kabla misafara haijaanza, mwanamke mmoja huonekana pale kwenye mkunjo. Huvuka kwenda, huvuka kurudi, polepole, macho chini, kama mtu aliyedondosha kitu na hajui amekidondosha katika hatua ipi.

Funzo: Hata shida yako iwe kubwa namna gani, usiifupishe njia yako kwa kupita juu ya mtu ambaye hukumuuliza. Machozi yako ya baadaye hayatamrudishia nyumba yake, na ulimwengu ulionufaika hautakubali hata kukuadhibu.